Kerala Niliyoijulia Muscat

Aliyewahi kulazwa hospitali Muscat, Doha au Kuwait anajua ni nani aliyemgeuza kitandani usiku wa manane. Mara nyingi ni muuguzi wa Kerala, jimbo la kusini-magharibi mwa India. Mimi nilikwenda Oman kutoka Unguja kufanya kazi hiyohiyo ya uuguzi, nikiwa na Kiarabu cha chuoni na ukoo wa babu mzaa mama niliousikia zaidi kuliko kuuona. Wodini niliwakuta watu wanakabidhiana zamu kwa Kimalayalam, lugha ya Kerala. Nyumba niliyopangiwa, mtaa wa Ruwi, ilikuwa yao pia, na jikoni nazi ilikunwa kila siku ya Mungu. Hilo la nazi lilinituliza moyo kuliko yote.

Aliyeniingiza kwenye filamu zao ni mwenzangu mmoja wa Kottayam, mkubwa kwetu kwa umri, ambaye nyumba nzima ilimwita Chechi, kama sisi tunavyoita dada. Hakunishawishi kwa maneno. Tukitoka zamu ya usiku aliweka kompyuta juu ya meza ya kulia, akabonyeza, akaanza kula. Na mimi nilikuwa nakula papo hapo, nikawa natazama.

Sisi wa Unguja tumelelewa na picha za Kihindi. Mama yangu alizifuata kwenye sinema za Majestic na Cine Afrique enzi zake, na mpaka leo anaziimba nyimbo zake mwanzo hadi mwisho bila kujua maana ya neno hata moja. Macho yangu basi yalikuwa na India yake: theluji inayotokea ghafla katikati ya wimbo, jumba lenye ngazi mbili, mama kipofu anayemtambua mwanawe kwa sauti. Chechi akaniwekea habari ya mpigapicha wa studio ndogo huko milimani Idukki. Anapigwa mbele za watu, anaapa hatavaa ndala mpaka alipize kisasi, kisha filamu inaendelea na mambo mengine kabisa: msiba wa jirani, mapenzi yaliyokufa, baba anayemfundisha mwanawe kutazama kabla ya kupiga picha. Ni *Maheshinte Prathikaaram* ya 2016, mwongozaji Dileesh Pothan. Nilimuuliza Chechi kisasi kiko wapi. Akanijibu nile kwanza.

Kisasi kilikuja, kwa hakika, na kilikuwa kidogo, cha matope na aibu, kama ugomvi wa kweli wa watu wazima ulivyo. Nikataka nyingine.

Kitu cha kwanza kilichonikaa ni kwamba filamu hizi hazitaji Kerala kwa ujumla. Zinataja kijiji. *Angamaly Diaries* ya 2017 ni ya mji wa Angamaly na nyama yake ya nguruwe. *Kumbalangi Nights* ya 2019 ni ya Kumbalangi, kisiwa cha wavuvi karibu na Kochi. *Ee.Ma.Yau* ya 2018 ni ya Wakatoliki wa pwani ya Chellanam. *Thinkalazhcha Nishchayam* ya 2021 ni ya Kasaragod, kaskazini kabisa, na wenzangu wa kusini walikuwa wanasoma maandishi ya chini pamoja nami. Jimbo lenyewe ni ukanda mwembamba tu baina ya bahari na milima ya Ghats Magharibi, ukanda wa watu milioni 33 kwa sensa ya 2011, lakini mtu wa Thrissur akifungua mdomo, wa Thiruvananthapuram anacheka kabla hajasikia habari yenyewe. Hili sikuhitaji kuelezwa. Mtu wa Makunduchi au wa Pemba akizungumza mjini kwetu, tunajua yanayompata.

Tofauti ni kwamba wao wanayaacha maneno hayo ndani ya filamu, tena wanawapa wahusika wakuu. Kwetu lafudhi ya shamba hupewa mlinzi wa geti ili watu wacheke, na mwenye mapenzi na majonzi huzungumza Kiswahili cha taarifa ya habari.

Mengi niliyafahamishwa na jamaa wa maabara, Muislamu wa Malappuram, tuliyemwita Ikka, kaka. Siku moja alinionyesha mundu, ile shuka nyeupe wanayovaa wanaume kiunoni, ndugu wa msuli wetu. Mwanamume akiikunja juu ya magoti, yuko kazini au yuko tayari kwa shari. Akipita mkubwa wake, anaishusha mpaka chini. Basi angalia, akasema, nani anaishusha kwa nani, na nani hataki kuishusha. Tukarudia onyesho nililokuwa nimeshaliona, na safari hii nikaona mabishano mazima yamepita kwa kitambaa, bila mtu kusema lolote. Maandishi ya chini hayakuwa na nafasi ya kuyaandika hayo, wala mwongozaji hakuona haja ya kumsaidia mgeni. Filamu ilikuwa ya watu wanaojua. Ukitaka kujua, kaa na wanaojua.

Siku moja tulikwenda sinema kuitazama *Pathemari* ya 2015, ya mwongozaji Salim Ahamed. Ilikuwa Ijumaa, na ukumbi ulijaa wanaume watupu: mafundi, madereva, wauza duka, mashati yamepigwa pasi mistari ikasimama. Pathemari ni jahazi. Mhusika, Narayanan, anayechezwa na Mammootty, ni katika wale waliotangulia kwenda Ghuba kwa njia hiyo, bila karatasi, wakafikia pwani ya Khor Fakkan. Umri wake wote unakwisha huko akiwalisha wa kwao. Nyumba inajengwa, ndugu wanaolewa, yeye yuko chumba kimoja cha vitanda vya ghorofa.

Sijapata kuona wanaume wengi vile wanalia pamoja. Hawakujificha, na hakuna aliyegeuka kumtazama mwenziwe. Mimi mwezi ule nilikuwa nimetuma pesa za mabati. Nikafikiri pia juu ya jahazi: pepo za msimu ndizo zilizowaleta wazee wetu Zanzibar kutoka Oman, na ndizo zilizompeleka Vasco da Gama kutoka Malindi hadi pwani ya Kozhikode, hukohuko Kerala, mwaka 1498, na bado watu wa Beypore huko Malabar wanaunda majahazi ya mbao kwa wateja wa Ghuba. Tumekuwa tukipishana baharini karne na karne, na picha za wenzetu tulizozijua zilitoka Bombay peke yake.

Kerala yenyewe nilikwenda likizo, kwa harusi ya mdogo wake Chechi. Asubuhi ya kwanza nikaandaliwa muhogo wa kuchemsha na mchuzi wa samaki mwekundu, mkali, uliotiwa ukwaju wao mweusi uitwao kudampuli, kutoka kwenye chungu cha udongo. Nilikula kimya, na mama wa nyumba akaridhika. Lakini aliyenikamata kwa mazungumzo ni baba yake Chechi, mwalimu mstaafu, mtu wa magazeti mawili kwa siku moja, na yote mawili anagombana nayo.

Nilimuuliza imekuwaje watu wa jimbo dogo hivi wakapata filamu za namna hii. Hakuanza na filamu. Alinichukua mpaka chumba cha kusomea cha kijiji, meza ndefu, wazee na miwani, vitabu vimepigwa mihuri. P. N. Panicker, akasema, mwaka 1945 aliunganisha maktaba ndogondogo za vijiji kuwa chama kimoja, na chama kikawafundisha watu wazima kusoma. Mwaka 1991 Kerala ikatangazwa jimbo la kwanza India lililofuta ujinga wa kutojua kusoma. Kwa hiyo, alisema, mwandishi wa riwaya hapa ni mtu maarufu kuliko mbunge, na sinema ilipokuja ilimkuta mwandishi ameshakaa.

Ndiyo maana filamu zao za mwanzo zenye jina zimeshikana na vitabu. *Neelakuyil* ya 1954 iliandikwa na mtunzi Uroob na ikasema juu ya tabaka lisiloguswa wakati watu wengi hawakutaka kusikia. *Chemmeen* ya 1965, ya Ramu Kariat, ilitoka kwenye riwaya ya Thakazhi Sivasankara Pillai: binti wa mvuvi wa Kihindu anampenda mchuuzi wa samaki Muislamu, anaozwa mvuvi mwingine, na jamii nzima inaamini kwamba mume akiwa baharini usalama wake uko kwenye uaminifu wa mke aliye ufukweni, kwani Mama Bahari anaona. Niliitazama baadaye. Mtu wa Nungwi hangehitaji maandishi ya chini kwa nusu yake. Ilipata nishani ya dhahabu ya Rais wa India, ya kwanza kwa filamu ya kusini.

Mwaka huohuo wa 1965, Adoor Gopalakrishnan na wenzake walianzisha Chitralekha, klabu ya filamu ya Thiruvananthapuram, na klabu za aina hiyo zikaenea mpaka miji midogo. Mwalimu alikuwa mwanachama wa mojawapo. Walikodi mashine, wakatundika shuka, wakatazama filamu za Wajapani na Warusi, kisha wakabishana mpaka mtu anakosa basi la mwisho. Katika miaka ya 1980 John Abraham na kikundi chake cha Odessa walizunguka vijijini wakionyesha *The Kid* ya Chaplin na kuchangisha fedha za watu wa kawaida, wakapata za kutengenezea *Amma Ariyan*, iliyotoka 1986. "Na mimi nina senti zangu mle ndani," mwalimu aliniambia. Hakutabasamu. Alikuwa anataja hisa yake.

Mzee yule ndiye pia aliyenitahadharisha nisiipende sana Kerala. Alikuwa ameniona navyofurahia chungu na mundu na mvua. Akanitaka nitazame *Elippathayam* ya Adoor, ya 1981, na usiku ule tukaitazama, yeye akiwa anaijua kila picha.

Ni habari ya mwanamume wa mwisho wa ukoo mkubwa wa makabaila uliokuwa ukirithishana kwa upande wa wanawake, mfumo ambao sheria iliufuta 1975. Anaitwa Unni. Amebaki na jumba na dada zake. Ng'ombe akiingia uani kula majani, anamwita dada aje amfukuze. Akikuta dimbwi la tope njiani, anarudi nyumbani. Panya wananaswa kwenye mtego wa mbao na kuzamishwa bwawani, mmoja baada ya mwingine, mpaka unaelewa mtego ni upi na panya ni nani. Jumba lenyewe ni zuri ajabu: mbao zilizochongwa, vigae, ua, kile ambacho wizara ya utalii yoyote ingekiweka kwenye bango. Na filamu haiachi kukuonyesha kwamba uzuri ule unaliwa kutoka ndani.

Hapo ndipo nilipoanza kufahamu kinachozifunga filamu hizi na utamaduni wa kwao. Kwetu mtu akisema filamu yenye utamaduni, anatarajia ngoma, kanga mpya, mgeni akikaribishwa kwa madafu. Wao wanautaja utamaduni kama mtu anavyomtaja ndugu yake wa tumbo moja: kwa undani wote, na lawama zote. *Ee.Ma.Yau* inajua mazishi ya Kikatoliki ya pwani hatua kwa hatua, jeneza, bendi, mwavuli wa kuhani, bei ya kila kimoja, na kwa ujuzi huohuo inamwonyesha mwana aliyemwahidi baba yake maziko ya heshima akizuiwa na kuhani, mvua na umbea wa majirani, mpaka anamzika mwenyewe uani. *Kumbalangi Nights* ina nyumba mbili. Moja ni gofu la ndugu wanne wanaogombana, kijiji kizima kinaiona ni aibu. Ya pili ni safi, ina mume nadhifu mwenye sharubu zilizochongwa anayejitazama kiooni na kujiita mwanamume kamili. Yenye hatari ni hiyo safi. Chechi, aliyekuwa ameolewa akaachika, aliniambia alimtambua yule mtu kabla hajasema neno, kwa jinsi alivyokaa kichwani mwa meza.

Lawama hizo hazikuanza jana, na sinema yenyewe ina deni ndani yake. Filamu ya kwanza ya Kerala, *Vigathakumaran* ya J. C. Daniel, isiyokuwa na sauti, ilimpa nafasi ya mhusika wa kike P. K. Rosy, mwanamke wa tabaka la chini, aigize bibi wa Kinayar. Watu wa tabaka la juu hawakustahimili. Alifukuzwa mjini na hakuigiza tena. Na tusidhani mambo hayo yamekwisha: baada ya mwigizaji mmoja wa kike kutekwa na kudhalilishwa mwaka 2017, serikali iliunda kamati chini ya jaji mstaafu K. Hema kuchunguza hali ya wanawake katika tasnia hiyo. Ripoti ilikabidhiwa 2019 na kuwekwa hadharani Agosti 2024, sehemu zikiwa zimefutwa, na mwezi huohuo uongozi wa chama cha waigizaji ukajiuzulu. Nyumbani kwetu Ruwi habari hiyo iliua hamu ya filamu kwa muda. Chechi alisema hawezi kucheka na mtu asiyejua alifanya nini. Wengine wakasema afadhali limesemwa. Mimi sikuwa na la kuongeza, nikaosha vyombo.

Kuhusu sisi Waafrika ndani ya filamu zao nina la kusema. Ikka ndiye aliyenipeleka kutazama *Sudani from Nigeria* ya Zakariya Mohammed, mwaka 2018, tena kwa wasiwasi, kwa sababu ni ya kwao Malappuram na ilimhusu mtu mweusi, akaogopa nitakasirika. Huko wana mpira wa watu saba kila upande, mashindano ya usiku, na timu huleta wachezaji kutoka Afrika Magharibi. Wote, watoke watokako, mashabiki huwaita Wasudani. Mchezaji wa kwenye filamu, Samuel, anasema mara kwa mara kwamba ni Mnigeria, na hakuna anayesikia. Anavunjika mguu, meneja wake Majeed anamlaza nyumbani kwake, na akina mama wawili wazee, mama wa Majeed na jirani yake, wanamuuguza. Hawana lugha hata moja ya pamoja. Wanamlisha, wanamgeuza, wanamnong'oneza dua.

Mimi ni muuguzi. Naijua kazi ile, na nikaona wameigiza sawasawa: mkono unaotangulia nyuma ya shingo kabla ya kikombe. Na Samuel si malaika. Ana hasira, ana bibi yake nyumbani, ana pasi inayopotea, anachoka kuchekewa. Nilipotoka, Ikka aliniuliza mara mbili kama sikuudhika. Nilimwambia niliudhika pale nilipotakiwa kuudhika.

*Aadujeevitham* ya Blessy, 2024, iliyotoka kwenye riwaya ya Benyamin juu ya mhamiaji aliyefungiwa kuchunga mbuzi kwenye jangwa la Saudia, ni filamu kubwa zaidi, na Prithviraj Sukumaran ameuadhibu mwili wake kwa ajili yake. Lakini Mwafrika wake, Ibrahim Khadiri, anatokea jangwani anajua njia, anawaokoa, kisha anatoweka kama mtu wa hadithi za nabii Khidhri. Jimmy Jean-Louis wa Haiti anamcheza kwa heshima. Hata hivyo nilijikuta namuuliza Chechi: huyu naye si mtumwa kama wenzake? Mama yake yuko wapi? Filamu iliyojua kila kitu juu ya Najeeb, yule mhamiaji, mpaka achari ya maembe aliyobeba kutoka kwao, haikujua lolote juu ya huyu. Hapo ndipo ujuzi wa nyumbani unapokomea, na ni vizuri kuona mpaka wake.

Nilipokwenda Unguja likizo nilichukua *The Great Indian Kitchen* ya Jeo Baby, iliyotoka Januari 2021 kwenye jukwaa dogo la mtandaoni la Kerala kabla dunia haijaisikia. Nilitaka watu wa kwetu waione. Tulikaa sebuleni, mama, dada'angu, shemeji na watoto waliokuwa wakiingia na kutoka, na mimi nikifasiri.

Bi harusi mpya, msomi, mpenda kucheza dansi, anaingia jikoni kwa mumewe, na kamera inaingia naye na haitoki. Anakuna nazi, anakaanga, anafuta, anamwaga taka. Baba mkwe ni mpole, hapazi sauti: anasema tu kwamba wali mtamu ni wa kuni, chatne nzuri ni ya kusaga kwa mkono, nguo zake zisitiwe kwenye mashine. Anasubiri aletewe mswaki. Wanaume wanakula kwanza, wanatafuna maganda ya mlonge na kuyatema mezani, kando ya sahani, na wanawake wanakaa hapohapo kula. Sinki inavuja. Mke anamwambia mume aite fundi, anamwambia tena, na ndoo ya maji machafu inajaa chini.

Shemeji alivumilia, kisha akauliza filamu gani hii, watu wanapika tu. Dada'angu, bila kugeuka, akamwambia anaiona ya kupika kwa sababu hajapata kupika. Mama alikuwa na jambo lake: fundi bomba. Kila sinki ilipotokea aliuliza kwani hawana hata kijana wa mtaani. Yalipofika maganda ya mlonge alinyamaza, na mama yangu si mtu wa kunyamaza.

Mwisho unajulikana na wengi sasa, ila kwao ulikuwa mpya: mke anachukua yale maji ya ndoo na kuwamwagia, mume na baba mkwe pamoja. Watoto walishangilia. Dada'angu alipiga makofi. Mama akasema, "Mume, haya, ni wake. Lakini mkwewe? Mzee wa watu?" Dada'angu akajibu kuwa mzee wa watu ndiye aliyeanza, mwanawe kajifunza kwake. Mama akasema mzee aliomba tu wali wa kuni, na wali wa kuni kweli ni mtamu. Shemeji akadhani amepata wa kumuunga mkono, akaingia kati, wote wawili wakamgeukia.

Hawajaelewana mpaka leo. Nikiwa zamu Muscat naletewa sauti za WhatsApp ndefu, moja ya mama, moja ya dada, kila mmoja akiniomba mimi niliyeileta filamu niseme nani mkweli. Chechi amezisikiliza zote bila kujua Kiswahili, na anasema yuko upande wa mwenye sauti kali.